Ng'ombe Wakiingia Shambani

Swali: Nalima kando ya Mto Tana, Garsen. Uchaguzi ukikaribia, ng'ombe wakila mahindi, wanasiasa huligeuza tukio hilo kuwa jambo la kabila. Nifanyeje?

Jibu: Hofu yako ina msingi: mapigano ya hapo Tana kati ya wakulima Wapokomo na wafugaji Waorma ya 2012 na 2013 yaliua watu zaidi ya 100. Usilipize kisasi. Piga picha mimea iliyokanyagwa, kisha mwite chifu na wazee wa pande zote mbili wakadirie hasara palepale, fidia iandikwe. Nanyi wakulima msilime kwenye malka, njia za mifugo kwenda mtoni. Mwanasiasa akichochea, ripoti kwa polisi au Tume ya Uwiano na Utangamano. Sheria ya Uwiano na Utangamano ya 2008 inakataza uchochezi wa kikabila. Aliyekosea ni mchungaji mmoja, si kabila lake.