SOMO LA BIOLOJIA: NAMNA KANSERE YA WATOTO INAINGIA MIFUPANI



Tuseme kuna mtoto wa miaka 3. Juma lililopita alikuwa anakimbia pamoja na wenzake. Leo hataki kusimama. Ukimweka chini analia, anataka kubebwa tu. Hakuanguka, hana kidonda. Kisha kisha macho yake yanazungukwa na weusi, kama mtu aliyepigwa ngumi. Majirani wanaanza kunong'ona: «Nani amepiga huyu mtoto?» Wanamtazama mama wa kambo. Wengine wanasema ni malaria, wengine wanasema ni SS.

Inawezekana ni moja ya mambo hayo. Lakini iko ugonjwa mwingine ambao unaweza kuleta yote pamoja: maumivu ya mifupa, kukosa damu, na weusi wa macho, bila mtu yeyote kupiga mtoto. Jina lake ni neuroblastoma. Ni kansere ya watoto wadogo. Si ugonjwa wa kila siku, lakini somo lake linatufundisha mengi juu ya mwili, na linaweza kutuzuia tusihukumu mtu bure.

1. Unaanzia wapi?

Hauanzii katika mfupa. Unaanzia katika seli changa za neva. Mtoto akiwa bado tumboni mwa mama, kuna seli zinazotoka upande wa mgongo, karibu na mahali ambapo uti wa mgongo unajengeka, na zinasafiri mbali. Zingine zinakuwa neva za simpatiki, zile zinazofanya moyo upige mbio wakati unashituka. Zingine zinajenga sehemu ya ndani ya tezi ndogo inayokaa juu ya kila figo, ile inayotoa adrenalini. Kama baadhi ya seli hizo hazikomai, lakini zinaendelea kugawanyika bila mpaka, ndipo uvimbe unatokea, zaidi tumboni, pengine kifuani ao shingoni. Mwaka 1910, munganga wa Marekani James Homer Wright alionyesha kama uvimbe huu unatoka katika seli changa za neva, akaupa jina lile.

Karibu watoto 9 kwa 10 wanaopata neuroblastoma hawajapita miaka 5. Na hapa ndipo shida inakuwa: siku munganga anapoutambua ugonjwa, karibu nusu ya watoto tayari kansere yao imekwisha kusafiri.

2. Safari ya kwenda mifupani

Seli za kansere zinaachana na uvimbe, zinaingia katika mishipa ya damu, na damu inazibeba po pote. Po pote, lakini hazioti po pote. Mwaka 1889 munganga wa Uingereza Stephen Paget alichunguza habari za wanawake 735 waliokufa na kansere ya matiti. Aliona kama viungo vingine vinashikwa mara nyingi, vingine mara chache. Akafananisha seli za kansere na mbegu, na viungo na udongo. Ninyi mnaolima mnaelewa: mbegu inatupwa pande zote, lakini inaota pale tu udongo unaikubali.

Udongo wa neuroblastoma ni mfupa. Uchunguzi mkubwa uliotangazwa mwaka 1999 uliangalia watoto 648 ambao kansere yao ilikuwa imesambaa. Kwa watoto 100, karibu 70 walikuwa nayo katika uboho wa mifupa. Karibu 56 katika mfupa wenyewe. Karibu 30 katika maini. Na 3 ao 4 tu katika mapafu. Tazameni tofauti: kansere ya figo ya watoto, inayoitwa uvimbe wa Wilms, inapenda kwenda mapafuni. Viungo viwili vinakaa jirani tumboni, lakini kansere zao zinafuata njia mbalimbali.

Mifupa inayoshikwa mara nyingi ni ya kichwa, mifupa inayozunguka macho, ya kiuno, ya mgongo, na mifupa mirefu ya miguu na mikono. Mwaka 1907, katika Uingereza, Robert Hutchison aliandika juu ya watoto wenye uvimbe wa tezi ya juu ya figo ambao walikuwa na uvimbe katika mifupa ya kichwa. Kansere ikikaa nyuma ya jicho, damu inavuja chini ya ngozi laini ya kope, na jicho linaweza kusukumwa mbele. Huo ndio weusi ambao majirani walidhani ni ngumi.

3. Mfupa si jiwe

Wengi wetu tunafikiri mfupa ni kitu kimekufa, kama jiwe ao mti mkavu. Sivyo. Mfupa ni nyumba ambayo kila siku inatengenezwa upya. Ndani yake kuna wafanyakazi wa namna mbili. Osteoblasti ni wajengaji. Osteoklasti ni wabomoaji: wanayeyusha mfupa wa zamani ili wajengaji waweke mpya. Kazi zao zikilingana, mfupa unabaki imara.

Sasa sikilizeni vizuri. Seli za kansere hazivunji mfupa zenyewe. Zinatumikisha wabomoaji. Zinatoa ishara ya kemia, moja inaitwa RANKL, inayoamsha osteoklasti. Tena zinasukuma seli za kawaida za uboho kutoa ishara nyingine, interlekini-6, ambayo inafanya mambo mawili: inaongeza wabomoaji, na inasaidia seli za kansere zisife. Wakati mfupa unayeyuka, vyakula vya kukuza seli vilivyokuwa vimefungwa ndani yake vinatoka, na kansere inavila. Ikila, inaongezeka. Ikiongezeka, inaita wabomoaji wengine. Ni mzunguko: mwizi anatumia funguo za mwenye nyumba.

Ndiyo maana mtoto anaumwa na hataki kutembea. Mfupa uliopungua hivi unaweza hata kuvunjika kwa kitu kidogo. Na kwa sababu uboho ndio kiwanda cha damu, kansere ikijaa humo mtoto anakosa damu, anakuwa mweupe kwenye midomo na viganja, anavuja damu upesi, na magonjwa mengine yanamwingia.

4. Mfupa unasema nini juu ya matumaini?

Mwaka 1971, huko Marekani, D'Angio, Evans na Koop waliandika jambo la kushangaza. Walikuwa wameona watoto wachanga ambao neuroblastoma yao ilikuwa imesambaa katika maini, ngozi, na kidogo katika uboho, lakini mifupa yenyewe ilikuwa mizima. Wengi wa watoto hao walipona, hata kwa matunzo kidogo. Kwa wengine uvimbe ulipotea wenyewe! Leo kundi hilo linaitwa MS: mtoto hajafika miezi 18, na kansere haiko katika mfupa. Zaidi ya 80 kwa 100 wanaishi.

Lakini mtoto aliyepita miezi 18, na kansere imesambaa mpaka mifupani, anahesabiwa katika hatari kubwa. Hata katika inchi zenye dawa zote, karibu nusu tu ndio wanaopona. Zamani walikuwa wachache zaidi.

Musiseme basi kama mfupa peke yake ndio unahukumu. Waganga wanatazama mambo matatu pamoja: umri wa mtoto, mahali kansere imefika, na urithi ndani ya seli. Kuna jini moja inaitwa MYCN. Ikiongezeka kupita kiasi ndani ya seli za uvimbe, kansere inakuwa kali. Hiyo inaonekana kwa karibu mtoto 1 kwa 5. Mfupa ni alama ya kansere yenye nguvu ya kusafiri, na tena ni maficho: seli chache zinaweza kujificha katika uboho na kushinda dawa, kisha ugonjwa unarudi, na mara nyingi unarudi pale pale mifupani.

Kwa hiyo matunzo ni marefu: dawa za kuua seli za kansere, kupasuliwa, miali, na kurudishiwa seli za uboho baada ya dawa kali sana. Tangu mwaka 2015 iko dawa inayoitwa dinutuximab, iliyokubaliwa Marekani, inayoonyesha askari wa mwili adui yuko wapi.

5. Sisi tufanye nini?

Kwa ukweli, hatutatambua ugonjwa huu kwa macho yetu. Maumivu ya mifupa yanaweza kutoka kwa SS, kwa kifua kikuu cha mgongo, ao kwa usaha ndani ya mfupa. Yote ni magonjwa ya kupeleka lopitali, si ya kungojea nyumbani. Munganga atagusa tumbo, atapima damu na mkojo. Kansere hii inatoa mabaki ya adrenalini na ndugu zake katika mkojo, na kwa watoto karibu 9 kwa 10 yanaonekana. Atatazama tumbo kwa ekografi, na atachota uboho.

Basi, ukiwa na mdogo wako anayechechemea bila kuanguka, anayeamka usiku kwa maumivu, mwenye tumbo gumu ao weusi wa macho bila sababu, sema kwa wazazi mapema. Na kabla ya kunyoshea mama wa kambo kidole, muulizeni munganga kwanza. Mtoto yule anahitaji mikono ya kumbeba, si midomo ya kunong'ona.

MAULIZO YA KUJIPIMA

1. Neuroblastoma inaanzia katika seli gani, na sababu gani inaonekana zaidi kwa watoto wadogo?
2. Eleza tofauti ya osteoblasti na osteoklasti. Kansere inatumikisha zipi, na kwa njia gani?
3. Watoto wawili wana kansere iliyosambaa. Moja ana miezi 5, iko katika maini na ngozi. Mwingine ana miaka 4, iko katika mifupa. Nani ana matumaini zaidi? Toa sababu mbili.
4. Sababu gani mtoto mwenye kansere katika uboho anakosa damu?