Baba amemfungia binti yetu kwa ajili ya mchumba

*Shangazi, binti yetu ana miaka 24 na ameshaanza kazi ya uuguzi. Alipotuambia anataka kuolewa na kijana wa bara, Mwislamu mwenzetu, baba yake aliwaka. Hii wiki ya tatu yuko kwa ami yake Kilifi. Amenyang'anywa simu na kitambulisho, na mlango unatiwa kufuli. Mimi humpelekea nguo na chakula. Kijana anasema ataomba habeas corpus Mahakama Kuu. Mume wangu anasema hakuna jaji wa kuingilia nyumba ya mtu. Naogopa aibu, naogopa talaka. Nifanyeje?*
*Mama Asiyelala, Mombasa*

Pole sana, mama. Mume wako amekosea, na afadhali ayasikie haya kwako kabla hajayasikia kortini. Kifungu cha 389 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai kinaipa Mahakama Kuu uwezo wa kuamuru aachiliwe yeyote anayezuiliwa kinyume cha sheria, awe mikononi mwa serikali au mwa mtu binafsi. Nyumba ya ami haikusazwa. Tena Katiba ya 2010 imeiweka haki ya kuomba amri hiyo, ndiyo habeas corpus, kati ya zile chache zisizopunguzwa kwa hali yoyote ile.

Ombi huenda na hati ya kiapo: nani amefungiwa, wapi, tangu lini, ufunguo uko kwa nani. Kijana anaweza kulipeleka, na wewe pia waweza, kwani kifungu cha 22 cha Katiba kinaruhusu mtu kumsemea asiyeweza kwenda mwenyewe, bila ada ya kufungua kesi. Jaji akiridhika, ataamuru ami amlete binti mbele yake. Hapo wa kuulizwa ni binti: uko kule kwa hiari yako? Unataka kwenda wapi? Akisema anarudi kwenu, atarudi. Akisema anakwenda kukaa na rafiki yake wa kazini, ataondoka mbele ya macho yenu. Kijana naye alijue hili: jaji haozeshi mtu, na binti akibadili nia, hana cha kudai.

Wazazi nao huitumia njia hiyo hiyo. Kule Kerala, India, baba yake Hadiya alipeleka ombi la habeas corpus, na Mei 2017 mahakama ikaibatilisha ndoa ya binti huyo na kumrudisha kwa wazazi. Alikuwa na miaka 24, kama wako. Alikaa ndani miezi hadi Novemba, aliposimama mbele ya Mahakama ya Juu akasema anataka uhuru wake. Machi 2018 ndoa yake ikarudishwa. Kisa hicho hunikera kila nikikikumbuka: mwanamke mzima, na kwa miezi yote hiyo neno lake halikutosha.

Mume wako atasema yeye ndiye walii. Sawa, lakini hoja hiyo ina mahali pake, nako ni kwa Kadhi. Atamsikiliza, na akiona anakataa bila sababu ya kisheria, Kadhi mwenyewe aweza kusimama kuwa walii. Uwalii haumpi mtu ruhusa ya kutia kufuli.

Sasa wewe. Ukienda tena Kilifi, muulize binti mkiwa wawili tu anataka nini, na umwache aseme. Ukisikia anapigwa, au anaandaliwa mume mwingine, usingoje korti. Nenda polisi siku hiyo hiyo. La sivyo, mtafute mtu ambaye mume wako humstahi, mama yake au kaka yake mkubwa, akamwambie mlango ufunguliwe kabla hati ya korti haijafika. Akikaidi, FIDA-Kenya wana ofisi Mombasa. Nenda uulize msaada wa wakili. Huenda mume akakasirika nawe, sikufichi, kwa hiyo usiende kumkabili peke yako.

Na kitambulisho cha binti kikiwa ndani ya nyumba yako, kitoe leo umpelekee.