Kitabu cha Sita cha Musa?



Mwezi uliopita kijana mmoja wa hapa Dodoma alinitumia faili kwenye WhatsApp: "Kitabu cha Sita na cha Saba cha Musa". Amemaliza chuo, ajira hakuna, na aliyempa faili alimhakikishia kwamba akichora mihuri ile, akawasha mshumaa na kusoma zaburi fulani usiku wa manane mara saba, milango itafunguka. "Frateri, si zaburi tu hizi? Ubaya uko wapi?"

Tuanze na kitabu chenyewe. Vitabu vya Musa ni vitano, Mwanzo hadi Kumbukumbu la Torati, basi. Hicho kingine kilichapishwa Stuttgart, Ujerumani, mwaka 1849 na Johann Scheible. Cha Kiingereza kikatoka New York mwaka 1880. Karne hiyo Ulaya ilikuwa inafufua uchawi wake wa vitabuni. Mwaka 1888 chama cha siri cha Golden Dawn kilianzishwa London, na mwaka uliofuata Mathers, mmoja wa waanzilishi wake, akatoa tafsiri ya "Ufunguo wa Solomoni". Vitabu hivi vimejaa majina ya Mungu, ndiyo maana vinatupata kirahisi. Tena wa kijijini tunamwita mshirikina, ila wa Stuttgart akija kwa PDF tunamwita msomi!

Sasa ubaya. Anayesali zaburi anamwomba Baba, na Baba yuko huru kusema ndiyo, hapana, au subiri. Kule zaburi inageuzwa nenosiri: ukiiandika sawasawa, Mungu lazima afungue. Huyo si Baba tena, ni mashine. Simoni wa Samaria naye alidhani nguvu ya Roho inanunuliwa (Mdo 8), Petro akamkemea vikali.

Katekisimu inakataza uchawi namba 2117, lakini usiruke namba 2111, maana hiyo inatugusa sisi wa rozari: kutegemea tendo la nje tu, moyo ukiwa mbali, ni ushirikina. Nakiri, seminari ndogo nilikuwa siingii kwenye mtihani bila kugusa medali yangu mara tatu. Siku niliyoisahau bwenini nilitetemeka hadi nikashindwa kuandika jina. Nilikuwa namtegemea nani hasa?

Kijana yule amefuta faili. Kazi bado hajapata. Juzi tulisali pamoja Zaburi ya 13, ile ya mtu anayemuuliza Mungu atamsahau hadi lini. Tuliisali mara moja tu, mchana.