Magimbi na Ukoo Wake

Wakulima wa Ubaruku, gimbi mpandalo penye maji lina jamaa mkubwa sana katika misitu ya Sumatra. Beccari, mtaalamu wa Italia, aliuona mmea huo mwaka 1878. Ua lake huweza kupita kimo cha mtu, nalo hunuka kama mzoga ili livute mende na nzi wachukuao chavua.

Gimbi halinuki, lakini likiwa bichi lina chembe kali kama sindano, ziwashazo kinywa na koo. Basi:

1. Pakeni mikono mafuta kabla ya kumenya.
2. Chemsheni mpaka yalainike kabisa, msionje mabichi.
3. Jamaa wengine wa ukoo huu humea porini Tanzania, wenye jani moja na ua linukalo. Msiwadhanie magimbi, waonyeni na watoto.