SOMO LA URAIA: KIONGOZI WA MUDA NI MWENYE AMANA

Mtu akifa na kuacha watoto wadogo, jamaa humchagua msimamizi wa mali yao. Huyo hulima shamba na kulipa madeni, na watoto wakiisha kukua huwakabidhi kilicho chao. Shamba haliwi lake hata siku moja. Kiongozi wa muda wa nchi ni kama msimamizi huyo. Natutazame mfano wa Jamhuri ya Afrika ya Kati.

Mwezi wa Machi, 2013, wapiganaji walioitwa Séléka waliuteka mji mkuu, Bangui, na mkuu wao, Michel Djotodia, akajitangaza Rais. Vikundi vingine, Anti-balaka, vikainuka kupigana nao. Waislamu na Wakristo waliokuwa majirani wakaogopana na kuuana. Tarehe 10 Januari, 2014, Djotodia alijiuzulu.

Siku kumi baadaye Baraza la Mpito la Taifa lilipiga kura. Bibi Catherine Samba-Panza, Meya wa Bangui, alipata kura 75, na Désiré Kolingba 53. Ndipo akawa mwanamke wa kwanza kuwa Rais wa nchi ile. Siku hiyo hiyo aliwasihi wapiganaji wa pande zote mbili waweke silaha chini.

Kazi yake ilikuwa kutuliza fujo, kupatanisha watu, na kutayarisha uchaguzi. Lakini jeshi la nchi lilikuwa limevunjika. Ilimlazimu kutegemea askari wa Ufaransa, wa Umoja wa Afrika, na tangu Septemba, 2014, wa Umoja wa Mataifa. Mwezi wa Mei, 2015, wajumbe wa kila upande walikutana Bangui kushauriana. Mwezi wa Septemba fujo zikazuka tena mjini, na uchaguzi ukazidi kuahirishwa. Hata hivyo, Desemba wananchi waliipigia kura katiba mpya, na tarehe 30 mwezi huo wakapiga kura ya kumchagua Rais.

Yeye hakuwamo kati ya wagombea, kwa maana sheria ya mpito ilimkataza. Sababu yake ni wazi: ashikaye mizani hafai kupima mzigo wake mwenyewe. Katika duru ya pili, Februari, 2016, Faustin-Archange Touadéra alishinda, akaapishwa tarehe 30 Machi. Bibi Samba-Panza akaondoka kwa amani.

Je, vita vilikwisha? La. Vikundi vyenye silaha viliendelea kushika sehemu kubwa za nchi. Msimamizi hawezi kuponya kila ugonjwa wa shamba. Lakini aliyempokea alipewa na wananchi, hakunyang'anya kwa bunduki. Wazee husema, cheo ni dhamana.

MASWALI
1. Kwa nini kiongozi wa muda alikatazwa kugombea?
2. Uchaguzi ukiahirishwa mara kwa mara, wananchi hupata hasara gani?
3. Pasipo jeshi lake mwenyewe, kiongozi ana nguvu gani?