Hakuna Atoaye Asichonacho: Milki Ndogo za Ujerumani, Ukoo wa Uluguru na Mkataba wa Mangungo



Kila aliyesoma historia shuleni analikumbuka jina la Mangungo wa Msovero. Novemba 1884 aliweka alama yake kwenye karatasi ya Carl Peters, na tangu hapo jina lake limekuwa kama tusi. Ukisikika mkataba mbovu leo, uwe wa madini au wa shamba, wapo watakaosema waliousaini ni kina Mangungo. Tunamcheka kwa sababu hakujua kusoma kile alichowekewa mbele.

Katika somo hili naomba tuache kucheka kidogo, tuulize swali la kifalsafa. Hata kama Mangungo angekijua Kijerumani kama mwenyeji wa Berlin, je, angeweza kutoa kile ambacho karatasi ile ilisema ametoa? Ili kujibu, inatubidi kwanza tujue watu walioandika karatasi ile walitoka katika nchi ya namna gani. Kisha turudi kwetu, Uluguru na Ukami, tuone waliyemkuta alikuwa mtawala wa namna gani.

1. Nchi ya watawala mia tatu

Wengi wetu hudhani Ujerumani ni dola la siku nyingi. Sivyo. Carl Peters alizaliwa mwaka 1856 katika ufalme wa Hanover, na wakati huo hapakuwa na dola moja liitwalo Ujerumani. Alipokuwa mtoto wa miaka kumi hivi, mwaka 1866, ufalme wake ulimezwa na jirani yake, Prussia. Dola la Ujerumani lilizaliwa mwaka 1871, miaka kumi na mitatu tu kabla ya Peters kufika Usagara.

Hadi mwaka 1806 sehemu kubwa ya nchi zile ilikuwa chini ya Dola Takatifu la Kirumi, ambalo ndani yake mlikuwa na milki zaidi ya mia tatu: za wafalme, za makabaila, za miji huru, za maaskofu na za abasia. Baada ya vita vya Napoleon, mwaka 1815, zilibaki 39. Mwaka 1871 zilikuwa 25. Nyingine zilikuwa ndogo mno. Milki ya Reuss ya tawi la wakubwa, kule Thuringia, haikufika kilomita za mraba 400, ndogo kuliko wilaya zetu nyingi, lakini ilikuwa na mtawala wake, mahakama yake na ikulu yake.

Tuangalie namna familia hizi zilivyoyashika mamlaka yao.

Kwanza, milki iligawanywa kama shamba la marehemu. Baba akifa, wana walikatiana nchi. Ndiyo maana Thuringia ilijaa milki zenye majina marefu: Saxe-Weimar-Eisenach, Saxe-Meiningen, Saxe-Altenburg, Saxe-Coburg-Gotha. Zote zilitoka katika ukoo mmoja uliogawana na kugawana tena.

Pili, milki iliweza kununuliwa. Familia ya Liechtenstein ilinunua Schellenberg mwaka 1699 na Vaduz mwaka 1712, kwa kuwa ilihitaji ardhi ya namna hiyo ili ipate kiti katika Bunge la Dola. Mwaka 1719 ardhi hizo mbili ziliunganishwa zikawa milki kamili. Wakazi wake walikuta wamebadilishiwa mtawala kama nyumba inavyobadilishiwa mwenye nyumba.

Tatu, hata watu walihesabiwa kuwa sehemu ya mali. Kuanzia mwaka 1776 mtawala wa Hessen-Kassel aliwakodisha maelfu ya askari wake kwa Uingereza wakapigane Marekani, na malipo yakaingia katika hazina yake.

Nne, hata dini. Amani ya Augsburg ya mwaka 1555 iliweka kanuni ambayo baadaye ilifupishwa kwa Kilatini hivi: cuius regio, eius religio. Mwenye nchi ndiye mwenye kuchagua dini. Mkuu akiwa Mkatoliki, watu wake ni Wakatoliki, akiwa Mlutheri, ni Walutheri, asiyekubali ahame.

Haki ituongoze tusizidishe. Si kila mahali mtawala alifanya apendavyo. Huko Württemberg, kwa mkataba wa Tübingen wa mwaka 1514, wawakilishi wa nchi walikubali kulipa madeni ya mtawala wao kwa sharti kwamba naye akubali mipaka. Lakini wazo kubwa lilibaki lile lile: nchi ni mali ya familia, na mwenye mali anaweza kuigawa, kuiuza, kuikodisha au kuiweka mahari. Kwa kuchaguliwa na bunge la Wabelgiji, familia ndogo ya Coburg ilipata kiti cha ufalme wa Ubelgiji mwaka 1831. Mwana wa mfalme yule wa kwanza ni Leopold II, ambaye mwaka 1885 aliifanya Kongo kuwa milki yake binafsi. Wazo lililozaliwa katika mabonde madogo ya Ulaya lilifika hadi kwa majirani zetu.

2. Ukoo wa mama na mzee wa mvua

Sasa tupande mlimani. Waluguru, kama ndugu zao Wakami wa huku bondeni Ngerengere, huhesabu ukoo kwa upande wa mama. Mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na mjomba ana neno kubwa. Kwa desturi, ardhi ni ya ukoo. Mkubwa wa ukoo huwagawia watu wake mahali pa kulima. Mgeni akiomba huruhusiwa, naye hutoa kitu kidogo kama ishara ya kukiri kwamba ardhi ina wenyewe.

Mkubwa huyo hulirithi jina la aliyemtangulia. Hapa kuna mfanano wa kuchekesha na Wajerumani. Katika familia ya Reuss niliyoitaja, kila mtoto wa kiume aliitwa Heinrich, wakatofautishwa kwa namba. Huku Kinole, jina la Kingalu hupokewa na mmoja baada ya mwingine. Lakini tofauti ni kubwa kuliko mfanano. Heinrich alizaliwa na jina lake. Kingalu hulipokea jina pamoja na kazi, baada ya wenye ukoo kukubaliana. Jina ni la ukoo. Mtu hupita nalo tu.

Kingalu alijulikana mbali kwa mvua. Watu walimwendea kipindi cha ukame. Heshima yake ilivuka mipaka ya ukoo wake, lakini heshima hiyo haikumfanya mwenye mashamba ya koo nyingine. Uluguru ilikuwa na koo nyingi, kila moja na ardhi yake na wazee wake. Mzee alikuwa mshika ardhi kwa niaba ya waliokufa, walio hai na watakaozaliwa.

3. Karatasi za mwaka 1884

Mwishoni mwa mwaka 1884 Peters alivuka kutoka Zanzibar na wenzake, akiwemo Joachim von Pfeil, mtu wa familia ya kikabaila. Kwa muda wa majuma machache walikusanya karatasi kumi na kadhaa. Kila aliyeweka alama aliandikwa kuwa ni "sultani", na kila "sultani" aliandikwa kuwa ameitoa nchi yake pamoja na haki zake zote, milele. Tarehe 27 Februari 1885, siku moja baada ya Mkutano wa Berlin kufungwa, Kaisari Wilhelm I alitia sahihi hati ya ulinzi kwa nchi nne: Usagara, Nguru, Uzigua na Ukami. Ngerengere yetu imo humo.

Tazama kilichofanyika. Waandishi wa karatasi hawakuchukua ardhi tu. Kabla ya kuichukua, walimtengeneza mtu wa kuitoa. Walimchukua mzee wa mahali, wakamvika kwa wino vazi la mtawala mdogo wa Kijerumani, mwenye nchi kama mtu mwenye nyumba, kisha wakamwomba asaini kama mtawala huyo. Mwaka 1895 amri ya serikali yao iliitangaza ardhi isiyo na mwenyewe kuwa ya dola, na waliopaswa kuthibitisha kwamba ina mwenyewe ni watu ambao umiliki wao haukuwa na karatasi.

4. Hoja

Wanasheria wa Kirumi wametuachia msemo ambao sisi mafrateri wa falsafa tunakutana nao mapema: Nemo dat quod non habet. Hakuna atoaye asichonacho. Hoja yetu basi inakwenda hivi. Ili kuhamisha kitu milele, ni lazima kiwe changu. Mkubwa wa ukoo ni mtunzaji, na kitu anachokitunza ni cha ukoo mzima, pamoja na wasiozaliwa bado. Kwa hiyo hawezi kukihamisha milele, ajue kusoma asijue. Kosa la mkataba wa Mangungo halikuanza kwenye lugha. Lilianza kwenye wazo la mamlaka.

Mtakatifu Thomas wa Akwino anatusaidia hapa. Anafundisha kwamba sheria ni agizo la akili kwa ajili ya manufaa ya wote, linalotangazwa na yule mwenye jukumu la kuitunza jumuiya. Angalia neno hilo, kutunza. Mamlaka yanapata uhalali wake kutoka kwa manufaa ya wanaotunzwa. Mtawala anayeigawa nchi kama shamba lake anageuza njia ikawa mwisho.

5. Pingamizi

Pingamizi la kwanza: je, hatuwapambi wazee wetu? Wapo Waafrika waliotawala kwa nguvu. Ni kweli. Karibu na Morogoro ya leo, katika karne ya 19, Kisabengo alijenga mji wenye ngome, na jina lake liliogopwa kwa sababu ya kuteka watu. Baada yake alitawala binti yake, Simbamwene. Stanley alipopita mwaka 1871 aliukuta mji huo una ukuta wa mawe na minara minne, kando ya mto wetu Ngerengere. Jibu: mfano huu hauivunji hoja, unaitakasa. Mawazo mawili ya mamlaka, la kumiliki na la kutunza, hayafuati rangi ya ngozi. Yapo Hessen na yapo Uluguru. Yamo pia ndani ya moyo wa kila aliyepewa cheo.

Pingamizi la pili: mamlaka ya karatasi yakikaa muda mrefu, si yanakuwa halali? Waingereza nao walitaka Waluguru wawe na masultani wa serikali. Lakini mwaka 1955, watu walipolazimishwa kuchimba matuta ya ngazi milimani, zilizuka ghasia, na sultani wa serikali hakuweza kuwatuliza. Jibu: muda huleta mazoea, lakini hauleti ridhaa. Mwaka 1963 machifu waliondolewa kisheria nchini kote. Watawala wa Ujerumani walikuwa wameanguka wote Novemba 1918. Huko Reuss hakuna tena Heinrich atawalaye, wala hapa hakuna sultani wa serikali. Jina la Kingalu lingali likitajwa Kinole, kwa kuwa halikuletwa na karatasi ya serikali.

6. Neno kwetu ndani ya Kanisa

Tusiisome historia hii kama watazamaji. Sehemu ya milki zile za Kijerumani ilishikwa na maaskofu waliokuwa pia watawala, wenye kodi na askari. Familia ya Schönborn ni mfano mzuri. Lothar Franz von Schönborn alikuwa askofu wa Bamberg tangu 1693 na askofu mkuu wa Mainz tangu 1695, na watoto wanne wa ndugu yake wakawa maaskofu watawala baada yake. Mluguru atatabasamu: hata pasipo watoto, ukoo ulipata njia. Walijenga makanisa ambayo hadi leo ni ya ajabu kwa uzuri. Lakini kiti cha mchungaji kilikuwa kimekuwa urithi wa familia, na mwaka 1803 karibu milki zote hizo zilitwaliwa na watawala wa kilei.

Kanisa limejifunza. Sheria ya Kanisa leo inataka kila parokia iwe na halmashauri ya fedha (kanuni 537), na mali ya kudumu ya Kanisa yenye thamani kubwa haihamishwi bila ruhusa ya mamlaka husika (kanuni 1291). Paroko ni mtunzaji. Vivyo hivyo Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inaifanya halmashauri ya kijiji kuwa mdhamini wa ardhi, nayo haiwezi kuigawa bila idhini ya mkutano mkuu wa kijiji.

Kwa Ngerengere jambo hili si la vitabuni. Reli ya kisasa imepita kwetu na stesheni ipo, na penye reli ardhi hutafutwa. Atakayekuja na karatasi leo huenda asiwe mgeni wa kutoka Ulaya. Anaweza kuwa ndugu yetu, mwenye haraka, anayehitaji sahihi za wazee watatu tu. Atamwita mzee mmoja "mwenye eneo", kama Peters alivyosema "sultani". Hapo ndipo kila mmoja wetu anapaswa kuuliza kwa upole: hiki tunachokitoa ni cha nani, na wenzetu wote wanajua?

Maswali ya kujadili katika jumuiya

1. Katika ukoo wako, nani anaweza kusema "hapana" ardhi inapotaka kuuzwa? Je, wanawake, ambao ukoo unapitia kwao, huulizwa?

2. Ni kitu gani katika jumuiya au parokia yetu tunakitunza, lakini tumeanza kukiona kama chetu?

3. Ukiombwa kusaini kwa niaba ya wengine, utafanya mambo gani matatu kabla ya kushika kalamu?