Kabla Hujabonyeza "Pakua"



Leo tuongee jambo la kila siku: kupakua programu na mafaili tusiyoyajua. Kwenye magrupu ya kwaya na jumuiya linatumwa faili, "Misale mpya hii hapa, sambaza," na wengi tunabonyeza kwa sababu aliyetuma tunamjua.

Tarehe 4 Mei 2000, barua pepe yenye kichwa ILOVEYOU ilianza kusambaa kutoka Ufilipino. Ndani yake mlikuwa na faili LOVE-LETTER-FOR-YOU.TXT.vbs. Kompyuta nyingi za Windows zilificha zile herufi za mwisho, hivyo watu waliona .TXT tu wakadhani ni maandishi. Aliyefungua, picha zake ziliharibiwa, kisha kirusi kikajituma chenyewe kwa watu wote kwenye orodha yake ya anwani. Mamilioni ya kompyuta yaliathirika. Umeona ujanja? Kilikuja kwa jina la rafiki, na rafiki mwenyewe wala hana habari.

Basi tuzingatie haya:

1. Pakua kwenye duka rasmi, yaani Play Store au App Store. Hata humo, soma jina la mtengenezaji, maana majina yanaigwa.

2. Angalia mwisho wa jina la faili. Kitabu cha nyimbo mara nyingi huja kama .pdf. Kikija na .apk, hicho si kitabu, ni programu inayotaka kuingia kwenye simu yako.

3. Soma ruhusa inazoomba. Programu ya sala inataka kusoma SMS zako za nini? Huko ndiko zinakoingia namba za siri za benki.

4. Simu ikikuonya, usizime ulinzi eti ili faili likubali.

5. Muulize aliyetuma: "Hii umeitoa wapi?" Akisema "nami nimetumiwa tu," iache.

Je, umeshaiweka na una wasiwasi? Zima data, ifute, badilisha nywila zako kwa kutumia simu nyingine, halafu wapigie benki yako. Usione aibu, waambie na wenzako kwenye grupu ili wasiifungue.

Kwenye simu yako kuna namba ya mama, ya katekista, ya wanajumuiya. Ukiwa mzembe, wao ndio watakaotumiwa ujumbe wa kitapeli kwa jina lako. Kumpenda jirani ni pamoja na kusubiri dakika moja kabla ya kubonyeza.